Kaka Mkubwa wa Marehemu

Jumatatu, 9 Juni 2025

Simu imepigwa! Hatimaye! Kampuni ya tamthilia imetoka Dar es Salaam na kufikia hapa hapa Kilwa Masoko, na mwongozaji wao, Madam Yustina, akataka kuniona. Nilikwenda na suruali ninayovaa ninapokuwa MC kwenye harusi. Ina doa la pilau pajani. Nililifunika kwa mkono wa kulia muda wote, hata wakati wa kusalimiana, kwa hiyo mwongozaji mzima nikampa mkono wa kushoto. Mwanzo mbaya.

Naandika ili historia isije kupotoshwa. Mimi, Valerian, kwa miaka mingi nimejifunga kanga, nikabandika kipini puani na kuwasema watu kwenye simu zao kwa jina la Bi Kipini. Kuanzia Somanga hadi Mingoyo hakuna asiyemjua Bi Kipini. Valerian hawamjui. Sokoni naitwa Bi Kipini. Kijiwe cha bodaboda, Bi Kipini. Kanisani nilipewa kusoma somo la kwanza, nikatamka tu "Somo katika kitabu cha Nabii Isaya," waumini wakaangua kicheko. Nabii Isaya ana cha kuchekesha gani? Padre mwenyewe alijifanya anakohoa.

Sasa basi! Nataka kuwa mwigizaji wa kweli. Nataka watu wanione barabarani, wanyamaze kwanza, halafu waseme kwa sauti ya chini: yule ni Bwana Valerian. Na hii tamthilia ni ya majonzi, haina hata mzaha mmoja. Nimemwambia Madam kuwa mimi ni mtu wa jukwaa, mambo ya simu siyajui. Hakutabasamu. Mama yule hacheki kabisa. Nimempenda.

Halafu akanipa nafasi yangu. Marehemu. Nilale kwenye jeneza. Na Alfonsi, yule Alfonsi ambaye kwenye klipu zangu kazi yake ni kupigwa mwiko na Bi Kipini, kapewa kaka mkubwa wa marehemu, mwenye hotuba ya kurasa mbili makaburini!

Nimemweleza mke wangu Dativa. Akasema, bila kusimamisha cherehani, kwamba kulala nakuweza.

Jumanne, 10 Juni

Nimepata akili. Kubadilishana.

Nilimkuta Alfonsi kwao amelala, jua limeshapanda. Nikamweleza kwa huruma ya rafiki. Kaka wa marehemu anasimama juani na suti nzito, na kurasa mbili kichwani. Marehemu yuko ndani ya satini, kapumzika, na malipo hayatofautiani. Alfonsi akauliza kama marehemu anapewa mto. Nikasema anapewa, tena wa laini. Akakubali kabla sijamaliza sababu zangu nyingine, nami nilikuwa nimeziandaa nyingi. Nikamsikitikia. Hana uchu wa sanaa.

Madam Yustina alinitazama sana. Akauliza kama nimesoma skripti yote. Nimesoma sehemu ya kwanza, mpaka pale marehemu anapofukiwa. Zilizobaki nimezitia chini ya godoro zisichafuke. Nikajibu kwamba mwigizaji mkubwa hasomi kwa macho, anasoma kwa moyo. Akauliza tena kama nina uhakika kwamba sitaki kuwa marehemu. Nikamwuliza, kwa heshima, ni nani duniani anayetaka kuwa marehemu. Akasema haya. Ila hotuba ile ni mtihani: kaka wa marehemu akilia vizuri, akawaliza na watu, anabaki mpaka mwisho wa msimu. Akishindwa, itasemwa amesafiri na hatarudi.

Msimu mzima! Alfonsi anafukiwa sehemu ya kwanza, mimi naendelea kuishi. Nimerudi nyumbani napiga mluzi. Dativa kaniuliza ni lini mara ya mwisho nimelia. Nikaendelea na mluzi.

Jumatano, 11 Juni

Madam kaniomba nimtembeze mji aone mandhari. Nikampitisha vichochoro vya nyuma, kwenye mabanda ya mbuzi, nikimwambia huko ndiko kwenye Kilwa halisi. Haikusaidia. Tumetokeza tu penye wakaanga samaki, wote kwa pamoja: "Bi Kipiniii! Shikamoo Bi Kipini!"

Madam akauliza wanasema nini.

Hapo ndipo kipaji kinapojulikana. Nikamwambia kuwa hiyo ni salamu ya zamani ya huku kwetu, wanampa mgeni wa heshima. Wamemsalimu yeye. Akaitikia kwa kichwa, uso wake mzito vilevile, akasema ni salamu nzuri. Nikajipongeza mpaka tulipofika kwa mwenyekiti wa mtaa, Mzee Majid, mtu mkali aliyewahi kumfukuza mwanasiasa kwa kutovua viatu barazani. Madam akapiga goti kidogo, akamwambia: "Bi Kipini, mzee wangu."

Mzee Majid akanitazama mimi. Nikatazama mnazi. Nilitazama mnazi ule mpaka nikaujua.

Akamjibu marahaba. Lakini tulipoaga alinishika mkono, akanivuta pembeni, akasema yeye ni mtu mzima mwenye ndevu, na kipini chake kiko wapi.

Alhamisi, 12 Juni

Mazoezi ya kulia. Nimejifungia chumbani na kioo. Nimefikiria mambo yote ya huzuni. Nimefikiria Simba na Yanga. Nimefikiria mbuzi wangu wa utotoni aliyeliwa Krismasi. Karibu! Halafu nikakumbuka jinsi alivyokuwa mtamu.

Basi nikageukia utaalamu. Nikatwanga pilipili kichaa, nikachanganya na maji, nikalowesha leso. Kusudio ni kuigusisha chini ya jicho, kidogo tu, kwa adabu. Mlango ukagongwa, nikashtuka, leso ikaingia jichoni yote. Dativa anasema kelele zangu zimemtoa jirani kwenye swala. Nimekwenda kwenye kikao cha kusoma skripti na jicho moja limefumba, limevimba kama andazi. Alfonsi kauliza nani kanipiga. Nikamjibu kwamba ni machungu ya nafsi.

Lakini machozi yalitoka! Leso inafanya kazi. Siku yenyewe nitaifunga fundo kwenye ncha yenye pilipili ili nisikosee.

Ijumaa, 13 Juni

Tatizo jipya. Madam anataka waombolezaji wenyeji, watu wazima, kundi zima. Hapa Masoko haiwezekani. Nitasimama kwenye kaburi la ndugu yangu, nifungue mdomo, waanze kucheka kabla sijafika kwenye neno mauti. Nahitaji watu ambao hawajaniona nimejifunga kanga. Nahitaji mahali ambapo mtandao ni mpaka upande juu ya kichuguu.

Kipatimu! Kwetu! Nimempelekea Madam fikra hiyo akiwa anakunywa chai, akanipa gari na dereva palepale.

Njia ya Kipatimu si ya kuelezea. Kichwa changu kimegonga paa la gari mpaka dereva akaniomba radhi kwa niaba ya barabara. Nilikwenda moja kwa moja kwa Abdulwahab, mtoto wa shangazi yangu. Ni binamu yangu, na kwetu binamu ni mtani: yeye ana ruhusa ya kunitukana mchana kweupe mbele za watu, na mimi nina wajibu wa kutokasirika. Alianza kabla sijashuka. Akawaambia watoto wake waje waone jicho langu, kwamba mjini sasa wanavaa hivi.

Nikamweleza shida yangu. Nataka watu wa kulia msibani. Akasimama ghafla, akauliza kafa nani. Nikasema hajafa mtu, ni picha ya televisheni. Akauliza mfiwa ni nani katika hiyo picha. Nikasema mimi, nimefiwa na mdogo wangu. Akakaa. Akauliza kama watani wangu wamepewa taarifa. Nikacheka sana, nikamwambia hii ni tamthilia, Abdulwahab, watu wanalia wanapewa nauli na wali. Akaniuliza kama kutakuwa na kuku. Nikasema kutakuwa na wali wa kuku.

Akasema basi watakuja, na kwamba nisiwe na wasiwasi, hawezi kuniacha peke yangu kwenye jambo kama hilo. Nimeguswa. Damu nzito kuliko maji.

Jumamosi, 14 Juni

Naandika nimelala kifudifudi. Sitaki kuona mtu.

Asubuhi ilianza kwa baraka. Kaburi la kuigiza lilichimbwa kwenye shamba la minazi nje ya mji, si refu, chini wameweka godoro. Alfonsi alikuwa ndani ya jeneza na mto wake. Mimi nilivaa suti nyeusi ya kampuni, hotuba yote kichwani, leso mfukoni, ncha ya pilipili imefungwa fundo.

Gari la Kipatimu likafika. Madam akawafuata kuwapokea, akapiga goti, akawaambia wote kwa heshima kubwa: "Bi Kipini!" Kina mama wakageuka kunitazama, mmoja baada ya mwingine; kumbe kichuguu wanakipanda. Abdulwahab akashuka wa mwisho, akamwitikia kwa adabu kwamba Bi Kipini mzima, anawasalimu. Nilitaka kumshukuru, ndipo nikaona alivyovaa. Koti kalivaa ndani nje. Shingoni kajifunga magunzi ya mahindi kama shanga. Mkononi kashika ungo uliotoboka. Hayo ni mavazi ya mtani aliyekuja kazini, kufanya mzaha msibani.

Kamera ikaanza. Vijana wakabeba jeneza, kina mama wakaanza kulia vizuri kabisa, na Abdulwahab akaja akajilaza chali katikati ya njia.

"Hapiti mtu hapa! Maiti hazikwi mpaka mtani nipewe kuku wangu, na awe anatembea mwenyewe!"

Kilio kikakatika. Watu wa Kipatimu wakapiga makofi. Nikainama nikamnong'oneza kwamba hii ni picha, atoke. Akanijibu kwa sauti ya kusikika hadi baharini kwamba anajua ni picha, si mjinga, na ndiyo sababu amekuja. Msiba wa kweli umeletwa na Mungu, una mwenyewe. Huu wa kuigiza mmeuita nyinyi. Kumlilia mtu mzima wa afya ndani ya jeneza, bila mtani wa kuupoza msiba, ni kujichuria, na utakuja wa kweli kuulizia nafasi yake. Waliobeba jeneza waliposikia neno kuchuria wakalitua palepale. Mmoja akafuta mikono kwenye suruali.

Nikamtazama Madam aseme kata. Hakusema.

Abdulwahab akafunua jeneza, akamchungulia Alfonsi. "Na huyu kafa na nini? Kafa kwa uvivu! Kachoka kupumua!" Watu wakacheka. Alfonsi hakutikisika. Sisimizi alipanda kwenye kidevu chake, akapita mdomoni, akavuka pua, akaingia kwenye nyusi, na Alfonsi kimya, maiti ya kupendeza. Watu wakaguna kwa kumsifu. Mimi mfiwa nikashikwa na wivu kwa marehemu.

Nikasema liwalo na liwe. Nikasimama kwenye kaburi, nikaanza: "Ndugu waombolezaji, mauti ni mlango ambao sote..." Nyuma yangu kukawa na Valerian mwingine. Tumbo mbele, kidevu juu, jicho moja kafumba, anarudia kila neno baada yangu, na kwa haki ya Mungu alikuwa anasema vizuri kunizidi. Kila nilipogeuka, alikuwa amesimama wima kama mzee wa kanisa. Na mfiwa hakasiriki! Akikasirika, anatozwa kuku wa pili.

Msimu wangu mzima unaniponyoka, nauona. Ikabaki leso. Nikaitoa. Nikaishika penye fundo, nikaipeleka kwenye jicho zima, na Abdulwahab akaninyakua mkononi. Mtani msibani huchukua anachotaka, hiyo ndiyo sheria. Akaikunjua kwa mbwembwe, akajifuta uso mzima. Macho yote mawili. Kwa fundo.

Sijawahi kusikia mtu akilia vile. Alilia kutoka kwenye visigino. Alijipiga kifua, alizunguka, aliita mama yake, aliita babu yetu, machozi yanachuruzika mpaka kwenye magunzi. Kina mama wa Kipatimu hawakujua habari za pilipili. Waliona mtani analia, kitu ambacho hakionekani, wakadhani ameona jambo. Wakapasuka. Walilia kilio cha kweli, mikono kichwani, mpaka wapishi wakaacha masufuria wakaja kulia. Kamera ikaniacha mimi ikamfuata yeye. Naye, haoni mbele wala nyuma, akapiga hatua moja zaidi akatumbukia kaburini. Akaendelea kulia mle mle, akiulaani ukoo wangu kwa Kimatumbi, jina kwa jina. Madam akasikiliza ameshika shavu. Labda alidhani ni wimbo wa maombolezo.

Hapo sijui ni nini kilinishika. Nilitaka kusema maneno ya kaka mkubwa. Mkono ukaenda kiunoni wenyewe. Ikatoka ile sauti.

"Toka humo! Shimo la watu hilo unaligeuza kitanda! Na nyinyi mnamlilia nani, chakula kimeiva, vyombo nani ataosha?"

Shamba lote likaanguka. Kina mama walikaa chini kwa kicheko, na machozi bado usoni. Mpiga picha akashika kamera kwa mikono miwili isitikisike. Waliobaki wazima ni wawili tu, Alfonsi kwa kuwa maiti, na Madam Yustina kwa kuwa Madam Yustina.

Akasema kata.

Jumapili, 15 Juni

Sikwenda kanisani. Abdulwahab alilala kwetu, Dativa kamwosha macho kwa maji mengi, na kuku kapewa, jogoo wangu mwenyewe. Hajakasirika hata kidogo. Anasema msiba umepoa vizuri na kwamba sasa naweza kuishi bila hofu. Nimemwuliza kuishi kwa kufanya nini.

Dativa kaniuliza yale maneno ya vyombo niliyatoa wapi, maana hayamo kwenye skripti. Nikasema sijui. Najua. Mama alipofariki, kule Kipatimu, nilikaa sikuweza kula, sikuweza kusema. Watu walinisemesha mpaka wakachoka. Abdulwahab akatoka chumbani kwa mama kajifunga kanga yake, mkono kiunoni, akaanza kuwasema waombolezaji kwa sauti ya mama, ile ile, kwamba chakula kimeiva, vyombo nani ataosha. Nilicheka mpaka nikakaa chini. Halafu nikalia. Halafu nikala. Niliporudi Masoko nilikuja na ile sauti. Nikitaka kumsikia mama, nilikuwa naisema peke yangu nikichota maji. Siku moja Alfonsi alinirekodi, na ndiyo ikawa Bi Kipini. Kipini chenyewe ni cha mama, alikivaa mpaka mwisho.

Namkumbuka. Nimeandika na sasa napiga kelele ya kupenga kamasi, Dativa anadhani ni mafua.

Haya. Hayo si mambo ya mwigizaji wa kweli. Yanaishia hapa.

Jumatatu, 16 Juni

Madam katuita sote watatu kuangalia picha za Jumamosi kwenye kioo chake kidogo.

Kwanza kaka mkubwa wa marehemu. Amemgeuza. Sasa ni mtu aliyerukwa na akili kwa majonzi, na atachezwa na Abdulwahab. Msimu mzima. Abdulwahab akasema hakuna neno, ila mvua zikianza anarudi shambani, kwa hiyo wamwahi. Akaniuliza kama ile leso bado ninayo.

Pili Alfonsi. Nilimwandalia maneno ya pole, maana kazi yake imekwisha, kafukiwa. Madam akampa rundo la karatasi nene kama msahafu. Tamthilia, kumbe, baada ya mazishi inarudi nyuma. Inasimulia maisha yote ya marehemu. Ujana wake, ndoa yake, ajali yake, siri yake. Marehemu yumo kila sehemu. Marehemu ndiye mwenye tamthilia! Yote yameandikwa kwenye sehemu ya pili na kuendelea, zile zilizo chini ya godoro. Alfonsi akauliza kama huko nyuma bado atakuwa na mto.

Nikakumbuka ni nani aliyepewa marehemu kwanza. Nikaomba maji ya kunywa.

Madam akaniambia nibaki. Akasema mama yake mzazi, kule Dar, hapati usingizi bila kumtazama Bi Kipini, na ndiye aliyemwambia huyo mtu anaweza kubeba msiba, maana anachekesha kama mtu aliyewahi kulia. Ndiyo sababu alinipigia simu. Alijua hata kabla ya mkono wa kushoto. Nikauliza ile salamu je, kwa Mzee Majid, na kwa wazee wa Kipatimu? Akasema ni salamu nzuri. Uso wake haukubadilika, lakini naapa sikio lake moja lilicheka.

Akasema Jumamosi waliitazama tena na tena ile picha yangu ya mkono kiunoni mpaka mpiga picha kaomba aihifadhi kwenye simu yake. Hivyo ameandika mtu mpya. Bibi mwenye kibanda cha vitumbua mkabala na nyumba ya marehemu. Anaona kila kitu, anamsema kila mtu. Yumo kuanzia sehemu ya kwanza mpaka ya mwisho. Kanga, kipini, yote. Ni wangu nikimtaka.

Nikasema nitafikiri.

Jumanne, 17 Juni

Dativa kasimamisha cherehani! Kanikumbatia kabisa, na sindano mdomoni. Anasema nimepata, anasema mama angefurahi. Kakata kitambaa cha kanga mbili mpya za bibi bila kuniuliza, na kashapima kiuno changu, akasema kimekuwa cha bibi kweli.

Nimetembea ufukweni kufikiri. Mvuvi mmoja anatengeneza nyavu akaniita Bi Kipini, akaniuliza lini natoa klipu nyingine, mke wake kajifungua na anataka kucheka lakini mshono unauma, kwa hiyo nitoe ya kuchekesha kiasi. Nikamjibu vizuri. Kwa kweli nilifurahi, siwezi kukataa. Nilifurahi mpaka nilipofika kwenye kona.

Lakini tuseme ukweli. Vitumbua! Nani amewahi kulia kwa ajili ya muuza vitumbua? Watu watanitazama msimu mzima na kucheka, na msimu ukiisha nitakuwa Bi Kipini hadi Tanga. Bwana Valerian atazikwa bila hotuba. Lazima kuwe na njia ya kuuweka msiba ndani ya kile kibanda.

Nimekaa kwenye jiwe mpaka nikaipata. Kitu rahisi. Nashangaa Madam hakukiona mwenyewe.

Jumatano, 18 Juni

Ushindi mkubwa!

Nimefika kwa Madam asubuhi, nikamwambia nakubali, kwa sharti moja. Bibi afe. Si kufa hivi hivi, afe kwa heshima. Augue, alale kitandani, watu wamzunguke, atoe wosia wa kurasa mbili, akate roho taratibu na kamera karibu kabisa. Hapo nchi nzima italia, na watasema, kumbe Valerian!

Aliweka kalamu chini. Akaniuliza kama nina uhakika. Nikasema sana. Akaniuliza afe sehemu ya ngapi. Sikutaka aje kubadili mawazo, nikasema mapema iwezekanavyo, sehemu ya pili, maji yakiwa bado ya moto. Akaniuliza tena kama nina uhakika, nikaona huyu mama ana tatizo la kusikia. Akasema haya, kumuua mtu ni kazi ndogo. Tukapeana mikono, wa kulia safari hii.

Nimemsimulia Dativa. Aliitazama kanga mpya. Akauliza kibanda kitakuwa cha nani kuanzia sehemu ya tatu. Nikasema hayo ni ya kampuni, watatafuta mtu yeyote, kukaanga vitumbua na kusema watu si sanaa. Akajifunga kanga moja, akaweka mkono kiunoni, akaniambia chakula kimeiva, vyombo nani ataosha. Nilishtuka, maana alifanana. Akasema anatoka kidogo, anakwenda kumwona Madam Yustina.

Amerudi anacheka peke yake. Kapewa kibanda, mpaka mwisho wa msimu.

Sina kinyongo. Nimeahidi kumfundisha mwenyewe, bure, kutembea, sauti, kipini, kila kitu, asije akaniharibia jina nikiwa nimeshakufa.